Ni Nani Mwenye Ziwa? Mazungumzo juu ya Ufugaji wa Samaki na Sheria Zake



Wazee husema, samaki mkunje angali mbichi. Methali hiyo hutumiwa sana juu ya malezi ya watoto, lakini leo yafaa kutumiwa juu ya samaki mwenyewe. Kazi ya kufuga samaki nchini Kenya ni changa bado, na watu wangali wakibishana juu yake: ni nani apewe ruhusa ya kufuga, afuge mahali gani, afuge samaki wa namna gani, na ni nani atakayebeba hasara ikiwa maji yataharibika. Shauri hili lisipotengenezwa lingali bichi, baadaye halitakunjika tena, litavunjika.

Mabwawa ya Kwanza

Kufuga samaki si jambo geni kabisa. Mwaka 1948 Serikali ya wakati ule ilianzisha shamba la samaki pale Sagana, kusini ya Mlima Kenya, ili kuzalisha samaki wa maji ya uvuguvugu. Na kule Kiganjo, karibu na Nyeri, pakawekwa mahali pa kuzalishia trauti, samaki wa maji ya baridi. Katika miaka ya 1960 watu wa sehemu za Kati, Nyanza na Magharibi walihimizwa kula samaki na kuchimba mabwawa. Maelfu ya mabwawa yakachimbwa.

Lakini bidii ile haikudumu. Sababu moja ilikuwa tabia ya samaki mwenyewe. Tilapia, ambaye watu wengi humwita ngege, huanza kuzaa akiwa na umri wa miezi michache tu. Bwawa dogo hujaa vitoto upesi, chakula hakiwatoshi, na wote hudumaa. Mwenye bwawa aliyengoja mwaka mzima akitupa wavu, alitoa samaki wa ukubwa wa kidole. Baada ya kuona hivyo mara mbili tatu, wengi waliacha mabwawa yao yakaota nyasi na kulea mbu.

Mwaka 2009 Serikali ya Kenya ilirudia kazi hiyo kwa nguvu mpya, katika mpango wa kuinua uchumi. Ilikusudiwa yachimbwe mabwawa 200 katika kila moja ya majimbo 140 ya uchaguzi, yaani mabwawa 28,000, kila bwawa likiwa na eneo la mita 300 za mraba. Wakulima walisaidiwa kwa vifaranga na chakula cha samaki. Matokeo yakaonekana. Samaki wa kufugwa, ambao hapo kwanza hawakufika tani 5,000 kwa mwaka, walifikia tani zipatazo 24,000 mwaka 2014. Halafu mambo yakageuka. Msaada ulipokwisha, wengi hawakuweza kununua chakula kwa fedha zao wenyewe. Tena mabwawa mengine yalikuwa yamechimbwa mahali ambapo udongo haushiki maji. Kufikia mwaka 2016 hesabu ilikuwa imeshuka mpaka tani 15,000 hivi. Yeyote atakayetunga sheria leo hana budi kukumbuka jambo hilo: kuanzisha kazi kwa fedha za Serikali ni rahisi kuliko kuiendesha bila fedha hizo.

Vizimba vya Ziwani

Mabwawa yalipopungua, macho ya wenye mitaji yaligeukia Ziwa Viktoria. Huko samaki hufugwa katika vizimba. Kizimba ni wavu uliofungwa katika fremu inayoelea juu ya mapipa au mabomba ya plastiki, nao hushikwa na nanga usichukuliwe na mawimbi. Viko vizimba vidogo vya mita 2 kila upande, na viko vya mviringo vilivyo vikubwa kuliko nyumba. Vifaranga hutiwa ndani, hulishwa vidonge vya chakula kila siku, na baada ya miezi 6 mpaka 8 huvuliwa wakiwa wa kutosha sahani.

Majaribio ya vizimba katika upande wa Kenya yalifanywa katika miaka ya 2000, lakini kazi ilishika kasi baada ya mwaka 2012. Kufikia mwaka 2018 wataalamu walikuwa wamehesabu vizimba zaidi ya 3,000 katika kaunti tano za ziwani, yaani Busia, Siaya, Kisumu, Homa Bay na Migori, na Siaya ndiyo iliyokuwa na vingi kupita zote. Kazi ilitangulia, sheria ikaja nyuma ikihema. Hapo ndipo ubishi ulipoanzia.

Malalamiko ya Wavuvi

Ziwa Viktoria ni kubwa. Eneo lake ni kilomita za mraba 68,800 hivi. Lakini sehemu ya Kenya ni asilimia 6 tu, na sehemu kubwa ya maji hayo iko katika Ghuba ya Winam na kando yake, mahali pasipo na kina kirefu. Katika maji hayo machache wavuvi hutafuta riziki, mitumbwi hupita, akina mama huteka maji ya kupikia, ng'ombe hunyweshwa, na samaki wa asili hutaga mayai.

Mvuvi mzee akiamka na kuona vizimba vimepangwa mbele ya ufuo wake, huuliza swali lililo rahisi kusema na gumu kujibu: baba na babu walivua hapa bila kuweka mpaka, huyu aliyeweka mpaka majini amepewa na nani? Hasira yake si ya kijicho peke yake. Vizimba vingi viliwekwa mita 200 au chini ya hapo kutoka nchi kavu, kwa kuwa karibu na ufuo ni rahisi kulisha na kulinda. Basi hapo karibu na ufuo, penye magugu na maji ya kimya, ndipo samaki wa asili wanapozalia. Mvuvi akitega wavu karibu na vizimba, walinzi humshuku kuwa ni mwizi. Asipotega hapo, sharti aende mbali, ateketeze petroli nyingi, na arudi na samaki wale wale wachache.

Neno la Wenye Vizimba

Haki yataka upande wa pili nao usikilizwe. Wenye vizimba husema kwamba samaki wa ziwani walikuwa wamepungua zamani, kabla kizimba cha kwanza hakijaelea. Nyavu za macho madogo, wavuvi wengi kupita kiasi, uchafu wa miji na magugu maji yaliyoonekana katika upande wa Kenya tangu mwanzo wa miaka ya 1990, hayo yote hayakuletwa na vizimba. Wao husema pia kwamba wameajiri vijana ambao wangekaa bure, wameuza vifaranga kwa wakulima wadogo, na wamewapa akina mama wachuuzi samaki wa kuuza hata katika siku ambazo mitumbwi hurudi mitupu.

Wana malalamiko yao vile vile. Aliyetaka kufuata sheria alizungushwa kutoka ofisi moja mpaka nyingine, akilipa ada hapa na pale, huku jirani yake akishusha vizimba usiku bila karatasi yoyote wala kuulizwa. Usiku huo huo wezi huja na visu, hukata wavu, na kazi ya miezi saba hupotea kwa saa moja. Mtu wa namna hiyo haombi kuachwa bila sheria. Aomba sheria moja, iliyo wazi, inayowashika wote sawa.

Maji Yaliyokosa Hewa

Jambo linalowatisha watu wote, mvuvi na mfugaji pamoja, ni maji yenyewe. Samaki huvuta hewa ya oksijeni iliyomo majini. Maelfu ya samaki wakiwekwa mahali pamoja, mavi yao na chakula wasichokila huzama chini. Uchafu huo huoza, na kuoza hutumia oksijeni. Tena una naitrojeni na fosforasi, ambazo ni mbolea. Nazo huotesha mimea midogo ya majini mpaka maji hugeuka kijani. Mchana mimea hiyo hutoa oksijeni, lakini usiku huitumia, kwa hiyo wakati wa hatari ni alfajiri. Upepo au mabadiliko ya majira yakikoroga ziwa, maji ya chini yasiyo na oksijeni hupanda juu. Samaki aliye huru hukimbia. Aliye kizimbani hana pa kukimbilia.

Hayo yalitokea mwishoni mwa mwaka 2022. Samaki wengi walikufa katika vizimba vya Ghuba ya Winam, wakaelea matumbo juu, na hasara ilihesabiwa kwa mamia ya mamilioni ya shilingi. Wengine walishuku sumu. Wataalamu waliopima maji walisema kwamba oksijeni ilikuwa imepungua kupita kiasi. Mfugaji aliyekopa ili anunue vifaranga aliachwa na deni, na mwenye deni hulala macho wazi.

Hata hivyo si haki kutwika vizimba mzigo wote. Mito ya Nyando na Sondu Miriu huleta ghubani udongo na mbolea kutoka mashambani, na maji machafu ya mijini nayo huingia humo humo. Lakini ikiwa chombo kimekwisha kujaa karibu na ukingo, anayeongeza tone la mwisho hawezi kusema kwamba yeye hahusiki. Kwa sababu hiyo wataalamu hushauri kwamba vizimba viwekwe mahali penye maji marefu na mkondo, vipewe nafasi ya kutosha kati yao, na idadi yake katika kila sehemu ipimwe kwa uwezo wa maji.

Samaki Hula Samaki

Shauri jingine ni la chakula. Katika gharama zote za mfugaji, chakula cha samaki ndicho kinachokula fedha nyingi zaidi. Vidonge hivyo hutengenezwa kwa soya, pumba, na unga wa samaki wadogo, na samaki huyo mdogo katika Ziwa Viktoria ni omena. Omena ndiye kitoweo cha maskini. Mama asiyeweza kununua ngege huweza kununua kikopo kimoja cha omena na kuwalisha watoto wake. Omena wakinunuliwa kwa magunia ili wakasagwe kuwa chakula cha kuku na samaki, bei hupanda, na mtoto wa maskini hupungukiwa. Basi wako wanaouliza: je, ni faida kwa nchi kuchukua samaki wa maskini ili kumnenepesha samaki wa tajiri? Wengine hujibu kwamba dawa iko. Soya inaweza kuongezwa, na funza wa nzi wanaolishwa takataka za jikoni wamekwisha kuanza kutumiwa nchini Kenya badala ya omena.

Juu ya samaki mwenyewe pia pana maneno. Ili kuzuia ile taabu ya tilapia kuzaa ovyo, wafugaji hupendelea madume peke yao. Wazalishaji wengi huwapata kwa kuwapa vifaranga chakula chenye homoni katika majuma matatu au manne ya kwanza. Wanunuzi wengine huogopa kula samaki wa namna hiyo. Wataalamu hueleza kwamba samaki huishi miezi mingi baada ya kuacha homoni hiyo, nayo hutoka mwilini mwake mapema. Lakini hawakosi kuonya kwamba dawa yenyewe ni ya hatari kwa mfanyakazi anayeichanganya bila kinga, na kwamba maji yake hayafai kumwagwa ovyo mtoni. Hapo sheria ina kazi: kuwakagua wazalishaji na kuwapa wanunuzi habari za kweli.

Kuhusu kuleta samaki wageni, ziwa limekwisha kutoa funzo kali. Katika miaka ya 1950 na mwanzo wa 1960 mbuta alitiwa katika Ziwa Viktoria, na tilapia wa Naili pia waliletwa. Mbuta alileta viwanda na fedha za kigeni. Lakini inakadiriwa kwamba aina 200 hivi za fulu, samaki wadogo wasioonekana mahali pengine duniani, zilitoweka. Mbuta alikuwa sababu moja kubwa. Hata jina la ngege lilikuwa kwanza la samaki wa asili, ambaye leo ni nadra sana ziwani, nalo limehamia kwa mgeni. Ndiyo maana haifai mtu aingize samaki mpya kwa uamuzi wake mwenyewe, hata akisifiwa kwamba hukua upesi. Wavu hutoboka, na samaki aliyetoroka harudishwi.

Sheria Yasemaje

Swali la mvuvi mzee, kwamba ni nani mwenye ziwa, lina jibu katika maandishi. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 62, yasema kwamba mito na maziwa ni ardhi ya umma, na Serikali ya Taifa huishika kwa niaba ya watu wa Kenya. Kwa hiyo mwenye vizimba hanunui ziwa, wala mwenye mtumbwi hakulirithi. Wote wawili hutumia mali ya umma kwa ruhusa.

Lakini ni nani mtoa ruhusa? Jedwali la Nne la Katiba hiyo limewapa magavana na kaunti zao kazi za uvuvi, na papo hapo limeiachia Serikali ya Taifa ulinzi wa mazingira na mali ya asili, pamoja na uvuvi. Hapo pana ndugu wawili wenye ufunguo wa mlango mmoja. Kila mmoja adai ada, na mlango ukivunjwa, kila mmoja amtazama mwenziwe.

Sheria ya Usimamizi na Maendeleo ya Uvuvi ya mwaka 2016 ilikusudiwa kupanga mambo hayo. Iliunda Huduma ya Uvuvi ya Kenya, na ilitaka afanyaye biashara ya kufuga samaki awe na leseni. Kabla yake, Sheria ya Mazingira ya mwaka 1999 ilikuwa imekwisha kuagiza kwamba kazi kubwa zinazoweza kudhuru mazingira zipimwe kwanza athari zake. Tena, tangu kanuni za mwaka 2007, kila ufuo una kikundi chake cha usimamizi, ambamo wavuvi, wenye vyombo na wachuuzi hukaa pamoja. Anayetaka kushusha vizimba bila kuwaona watu wa kikundi hicho, hata akiwa na karatasi kutoka Nairobi, ajitafutia ugomvi.

Na ziwa halikomi Kenya. Tanzania na Uganda ndizo zenye sehemu kubwa zaidi, na vizimba viko huko pia. Samaki na maji havijui mpaka. Kwa ajili hiyo nchi hizo tatu ziliunda Shirika la Uvuvi la Ziwa Viktoria mwaka 1994, lenye makao yake Jinja, ili kanuni za upande mmoja zisiharibiwe na uzembe wa upande mwingine.

Ushindani wa soko nao umeingia katika ubishi. Tilapia walioganda kwa barafu kutoka China waliuzwa kwa bei ya chini, na mwaka 2018 kelele za wavuvi na wafugaji zilikuwa kubwa hata zikamfikia Rais wa nchi. Mnunuzi wa mjini alifurahia bei. Mfugaji wa Homa Bay alisema hawezi kushindana wakati chakula cha samaki wake ni ghali namna ile. Kuzuia samaki wa nje peke yake hakutoshi, kwani mwananchi naye ataka kula. Kupunguza gharama za chakula kutamsaidia mfugaji bila kumnyang'anya mlaji.

Njia ya Kupatana

Kwanza, ramani. Ziwa lapaswa kugawanywa waziwazi: hapa ni mazalio ya samaki, pasiguswe, hapa ni njia ya mitumbwi, hapa ni maji ya kutumiwa na watu, na hapa, penye kina na mkondo, vizimba vyaweza kuwekwa mpaka idadi fulani na si zaidi. Ramani hiyo ibandikwe kila ufuo, katika lugha ambayo watu wa pale huisoma, si kufungiwa kabatini.

Pili, ofisi moja ya leseni. Kaunti na Serikali ya Taifa zipatane juu ya fedha nyuma ya meza, na mfugaji aone meza moja tu.

Tatu, maji yapimwe kila mara, na habari zitangazwe upesi. Mfugaji akijua kwamba oksijeni yapungua, aweza kuacha kulisha kwa muda, au kuvua mapema na kuokoa kitu.

Nne, wavuvi nao wapate nafasi. Vijana wa ufuo wakiungana katika chama cha ushirika wanaweza kumiliki vizimba vyao wenyewe. Mtu halindi vizuri mali asiyokuwa na sehemu ndani yake, wala haibi upesi mali iliyo yake.

Mwisho ni wajibu wa kila mmoja. Mvuvi atumiaye wavu wa macho madogo asimlaumu mwenye kizimba peke yake. Mwenye kizimba anayetupa samaki waliokufa majini asimlaumu mtu wa mjini peke yake. Na mtu wa mjini, ambaye maji yake machafu yaenda ziwani, asidhani kwamba ugomvi huu ni wa watu wa Nyanza tu. Kesho samaki huyo huyo atakuwa juu ya sahani yake.

Ziwa ni la watu wote. Lakini mali ya watu wote isiyo na mlinzi huliwa na mwenye mkono mrefu, na walio wengi hubakiwa na miiba. Kazi ya kufuga samaki ingali changa, na maji yangali yakitoa riziki. Huu ndio wakati wa kumkunja samaki.